Mlevi wa Sinema

Kaka yangu Kefa hakuwahi kuonja ulanzi, ile pombe ya mianzi. Naanza na hilo kwa sababu siku tulipomzika, mwaka wa sitini, mzee mmoja alisimama mbele ya jeneza akasoma maisha ya marehemu, na katikati ya maneno mengi mazuri akachomeka haya: kwamba marehemu aliwahi kutekwa na ulevi, akamwacha Bwana, kisha akatubu na kurudi kundini. Watu wakatikisa vichwa kwa huruma. Mimi nilikuwa nimekaa chini na wanawake wenzangu, nikajiziba mdomo kwa khanga nisije nikamrukia mzee wa watu mbele ya maiti. Sasa mzee huyo naye amekwisha kuzikwa, mama alitangulia zamani, na mimi magoti yananiambia foleni inakaribia kunifikia. Basi niseme.

Kijiji chetu kiko njiani, ukitoka Njombe kwenda Makambako. Baba yetu, Yoeli, alikuwa mzee wa kanisa. Kazi yake ilikuwa kununua ngozi za ng'ombe na mbuzi vijijini na kuzipeleka Makambako kwa baiskeli, kwenye maduka ya Wahindi. Alikuwa na kofia nyeusi ya pama, na Jumapili alikaa benchi la mbele kabisa, kofia imelala juu ya goti. Watu wakigombania mpaka wa shamba, ataitwa yeye. Mke akimkimbia mume, atapelekwa kwake asuluhishwe. Mimi nilikuwa kitinda mimba wake na nilimpenda kupita kiasi. Akirudi safari alikuwa ananiletea sukari guru imefungwa kwenye karatasi. Alikufa mwaka wa arobaini na saba. Aliteleza na baiskeli wakati wa masika, njia ya Makambako, akaokotwa asubuhi mtaroni. Kanisa halikutosha siku ya maziko yake, watu walisimama nje kwenye mvua. Picha yake hata moja haikubaki, maana hakuwahi kupigwa.

Kiti chake kwenye baraza la wazee wa kanisa alikirithi mzee Manase, rafiki yake. Wawili hao walikuwa chanda na pete.

Kefa alikuwa amenizidi miaka sita. Alijifunza ushonaji, akapata nafasi ya kuweka cherehani kwenye baraza la duka moja Njombe mjini, na kila Jumamosi alirudi nyumbani. Mwembamba, mpole, maneno yake ya kuokoteza. Kwaya aliimba sauti ya tatu, na ukisimama karibu naye ulijisikia kama na wewe unajua kuimba. Pombe hakutaka hata harufu yake. Majira ya ulanzi, wakati mabonde yote yananuka mianzi iliyokatwa na hata mbuzi wanalewa, mafundi wenzake walimsukumia kikombe naye akakirudisha taratibu. Wakambandika jina la Mmishenari.

Mwaka wa hamsini na tatu watu wa serikali walikuja Njombe na mashine ya kupiga picha za sinema. Walitaka kutengeneza picha ya kuwaonya wananchi juu ya ulevi, na walitafuta wenyeji wa kuigiza. Mkubwa wao, mzungu mmoja mwenye ndevu nyekundu, alipanga vijana mstari uwanjani akaamuru kila mtu atembee kama mlevi. Ilikuwa vichekesho vitupu. Huyu anajibwaga chini, yule anakumbatia mti, mwingine anaimba na kujamba kwa mdomo. Kefa alikuwa amepita tu na kifurushi cha suruali za mteja, akavutwa aingie mstarini.

Yeye hakuyumba. Alitembea wima, polepole, akichagua mahali pa kuweka kila mguu, kama mtu anayepita na mtungi uliojaa. Mlevi wa kweli hataki ajulikane kwamba amelewa. Anahangaika kuonekana mzima, na kuhangaika kwenyewe ndiko kunakomfichua. Kicheko kikakatika uwanja mzima. Mzungu akamwonyesha kidole, akasema, "Huyu."

Walipiga picha katika kijiji cha Yakobi, katika ua wa mtu mmoja. Kwenye kikombe cha mwanzi walitia maji na maziwa kidogo ili yafanane na ulanzi. Mke wa mlevi aliigizwa na Vestina, binti wa Kikatoliki kutoka upande wa misheni. Vestina huyo nilikuja kukutana naye baadaye sokoni, akaniambia, "Dada, kaka yako hakunigusa hata kwa ukucha. Lakini nilipouona ule mkono ukipanda, nilisahau kama tunaigiza. Nililia kweli, wazungu wakafurahi." Kefa mwenyewe alipata shati jipya na kupeana mkono na mzungu, akarudi kwenye cherehani yake. Nyumbani hakusema neno. Tuliposikia kwa watu na kumwuliza, alisema tu, "Ni mchezo wa serikali."

Mwaka uliofuata gari la sinema likaja. Lilikuwa na mashine ya umeme nyuma na kipaza sauti juu, kitambaa cheupe kikatundikwa kwenye uwanja wa mpira wa Njombe, na watu wakajaa na mablanketi yao. Picha yenyewe haikuwa na sauti. Palikuwa na bwana mmoja ndani ya gari aliyekuwa akieleza kwa Kiswahili kinachotokea. Wengi wa watu wetu picha walizokuwa wamewahi kuziona ni zile za kwenye fremu ukutani, bwana arusi amekaa, bibi arusi amesimama. Na picha ya fremu ilionyesha kilichokuwako: ukiiona harusi, jua harusi ilifungwa. Basi wazee wawili wa kanisa letu, Manase akiwa mmojawapo, walikuwamo uwanjani usiku huo, na walimwona Kefa mwana wa Yoeli akinywa, akilewa, akiingia ndani na kumpiga mwanamke asiye mke wake wa ndoa. Kufikia Jumapili kijiji kizima kilikuwa kinajua.

Baraza la wazee lilimwita baada ya ibada. Mama na mimi tuliruhusiwa kukaa pembeni.

"Kefa," mzee Manase alianza, "unajua kwa nini umeitwa?"

"Najua, baba. Yale yalikuwa maji na maziwa."

"Mimi si mtoto," Manase akasema. Na ni kweli, katika wote yeye hakuwa mjinga. "Huko kuigiza nakujua. Hata shuleni tuliigiza Krismasi, nami nilikuwa Herode, na sikuua mtoto. Lakini niliigiza uherode wa kubabaisha, kila mtu alinijua kuwa ni Manase. Wewe nimekutazama kule uwanjani. Yule hakuwa mtu anayebabaisha. Yule ni mtu anayejua. Sasa nijibu neno moja tu, kisha uende zako kwa amani. Kama hujawahi kulewa, na nyumbani kwenu hakuna pombe, na baba yako alikuwa nguzo ya kanisa hili, nani alikufundisha?"

Nilimkodolea macho kaka yangu. Jibu, wewe! Sema ulimwona mlevi fulani Njombe, wamejaa tele barabarani, taja yeyote! Kefa alifungua mdomo, akamtazama mama, akaufunga.

"Nani alikufundisha?" Manase akarudia, na safari hii kwa upole.

Manase akashusha pumzi. "Baba yako angekuwa hai, angekufa mara ya pili kwa aibu."

Wakamtenga na Meza ya Bwana. Kwaya basi, kusimamia mtoto wa ubatizo basi, na kanisani akae benchi la nyuma karibu na mlango mpaka atakapotubu mbele ya usharika. Mimi niliondoka pale natukana kwa Kibena, matusi mengine sikujua hata kama nayajua. Kefa alinishika mkono akaniambia, "Priska, acha. Hawakukosea kuuliza."

Mama yetu, Dorika, wakati huo alikuwa mgonjwa. Madaktari wa hospitali ya Ilembula walikuwa wamemwambia moyo umechoka, asibebe kuni wala maji. Alijua safari yake iko karibu, na hakuwa na makuu: alitaka apige magoti kwenye Meza ya Bwana na watoto wake wawili, mmoja kulia na mmoja kushoto, kama zamani. Hilo tu. Kila mchungaji alipokuja kutoa chakula cha Bwana, mama alipiga magoti na mimi peke yangu, na upande wa kushoto akaacha nafasi. Wanawake waliomfuata walitaka kuijaza, naye akawazuia kwa kiwiko.

Jioni moja alimkalisha Kefa jikoni. "Mwanangu, niambie ukweli. Ulikunywa?"

"Sikunywa, mama."

"Basi mbona hukuwajibu?"

Kefa akachokoa moto kwa kijiti. Mama alimtazama sana. Nilimwona anaogopa, na sikuelewa anaogopa nini. Halafu akasema, "Nataka nikaione hiyo picha mwenyewe. Nikiiona nitajua."

Nilitaka kucheka. Mama yangu, mke wa mzee wa kanisa, angejuaje kumtambua mlevi wa kweli na wa uongo? Lakini Kefa aliruka kama aliyekanyaga kaa la moto. "Usiende, mama. Nakuomba. Nitatubu, nitasema chochote wanachotaka, lakini usiende."

Ndipo mama akasema lazima aende.

Habari zikafika kwamba gari la sinema litakuwa Makambako. Tulipanda lori la mahindi, mama amekaa mbele na dereva, Kefa na mimi juu ya magunia. Makambako ya siku zile ilikuwa njia panda, maduka machache ya bati, na upepo. Upepo ule ukisema uvuke barabara unakuvusha wenyewe. Tulimkalisha mama kwenye kigoda mbele kabisa, tukamzungushia mablanketi mawili. Kefa hakutaka kukaa. Alisimama nyuma yetu.

Picha ikaanza. Nikamwona kaka yangu mkubwa kama nyumba, akipokea kikombe cha mwanzi, akinywa, akipokea kingine. Bwana wa kipaza sauti akasema, "Tazameni, ndugu zangu, huyu anasahau nyumba yake!" Watu wakacheka. Kisha akaanza kutembea kurudi nyumbani, ule mwendo wake wa mtungi uliojaa, na mama akanishika mkono.

Kwenye kitambaa yule mtu aliingia ndani. Akavua kofia ya pama. Palikuwa na msumari ukutani. Akaitundika kofia, akairekebisha ukingo, akaigusa kwa kidole kuona kama haitaanguka. Akakunja mkono wa shati wa kulia, mara moja, mara mbili, vizuri kabisa, kama mtu anayejiandaa kunawa. Halafu akamgeukia mkewe na midomo yake ikacheza. Sauti haikuwako, na bwana wa kipaza sauti alikuwa akisema mengine juu ya njaa na watoto. Lakini midomo ile sisi wa nyumba ile tuliweza kuisoma, maana ilisema Kibena chetu. Iliuliza, "Watoto wamelala?"

Na mama yangu, mbele ya umati wa Makambako, akajibu kwa sauti ndogo ya utiifu ambayo sikuwahi kuisikia kwake, "Wamelala."

Mkono wa kwenye picha ukapanda.

Sijui niliona nini baada ya hapo. Nilikuwa namtazama mama. Alikuwa ameinamisha kichwa na kukikinga kwa mikono miwili. Nikaelewa kila kitu kwa mara moja, na nikatamani nisielewe: kofia ile ya baba, safari za Makambako, kurudi kwake gizani wakati kijiji kimejifungia kwa baridi, na zile asubuhi ambazo mama alisema amejigonga kwenye mwimo wa mlango. Sukari guru yangu ilitoka huko huko. Nililia palepale kama mtoto, na watu waliokuwa karibu walidhani picha imenigusa, wakaniambia pole.

Tulilala kwa ndugu wa upande wa mama. Asubuhi tukawa tunangoja lori barabarani, mama amejikunyata kwenye blanketi, na hatimaye akasema bila kumtazama Kefa, "Kumbe ulikuwa hulali."

"Mama, tuyaache."

"Nilikufunika mwenyewe. Nilikulaza upande wa ukutani, nikasubiri mpaka pumzi yako itulie. Nilijikaza nisilie, ninyi msiamke. Miaka yote ile nilijiambia, angalau watoto hawajui." Akafuta pua kwa ncha ya blanketi. "Na huyu?"

"Priska alikuwa analala," Kefa akasema. "Nilikuwa namziba masikio, namwimbia."

Nilikumbuka. Viganja vya kaka yangu juu ya masikio yangu, na nyimbo za kanisa zikinguruma ndani ya kichwa changu mpaka nipitiwe na usingizi. Maisha yangu yote nilidhani alikuwa ananikinga na baridi.

Lori likaonekana kwa mbali, mama akalikaza blanketi lake. Kisha akasema, "Mchungaji anakuja Jumapili ya mwezi ujao. Watakuuliza tena nani alikufundisha. Safari hii nitawajibu mimi."

"Hapana," Kefa akasema.

"Nitawajibu. Nimeficha ya baba yako akiwa hai na akiwa amekufa, na wewe ndiye unayekaa mlangoni kwa ajili yake. Imetosha."

Mwezi ule mama alidhoofika mno. Alikula vijiko viwili vitatu vya uji, basi. Alikuwa akijizoeza maneno yake kitandani, namsikia akinong'ona, anaanza, anakwama kwenye jina la baba, anaanza upya. Hata siku moja hakulivuka jina lile bila sauti kukatika. Nilikuwa nasikia, na najua Kefa pia alikuwa anasikia kila Jumamosi alipokuja, maana ukuta wetu ulikuwa wa fito na udongo.

Jumapili ikafika. Mchungaji alikaa mbele, mzee Manase akasimama na kuuliza kama yupo mtu mwenye neno kabla ya kuijongea Meza ya Bwana. Mama akauegemea mkono wangu ili ainuke. Nilimbeba karibu uzito wote. Watu wakaanza kugeuza shingo, mama akavuta pumzi, akasema, "Mimi, Dorika, mke wa Yoeli..."

"Nilikunywa!"

Ilitoka nyuma, mlangoni. Kefa alikuwa amesimama.

"Nilikunywa ulanzi," akasema. "Nililewa. Nawaomba mnisamehe."

"Nani alikufundisha?" Manase akauliza.

"Hakuna. Nilijifundisha mwenyewe."

Kaka yangu yule, aliyewanyamazisha watu uwanja mzima kwa kutembea tu, siku ile aliigiza vibaya kuliko mtu yeyote niliyewahi kumwona. Mikono imening'inia, macho juu ya paa, maneno yanatoka kama ya mtoto anayekariri mstari wa Biblia asiouelewa. Kipofu angejua kwamba anadanganya. Na kanisa zima likamwamini. Wanawake walifuta machozi, Manase akashuka akamkumbatia, akasema baba yake leo anafurahi mbinguni.

Mama alikuwa bado amesimama, mdomo wazi. Nilidhani ataendelea. Alimtazama Kefa, na Kefa akamtikisia kichwa kidogo sana: hapana, mama. Akakaa. Nilihisi mwili wake wote ukilegea mkononi mwangu, na mpaka leo sijaamua kama ulilegea kwa kushindwa au kwa kushukuru. Nilimkasirikia kidogo. Kisha nikakumbuka anavyokwama kwenye lile jina, hasira ikaniishia.

Tulipiga magoti watatu. Kefa kushoto, mimi kulia. Kikombe kilipofika kwa Kefa, mama alimtazama akinywa, na divai ile ya Bwana ndiyo kileo pekee kilichowahi kupita kwenye koo la kaka yangu.

Mama alifariki kabla ya baridi kwisha. Kefa aliruhusiwa kubeba jeneza na kuimba. Hakuoa. Wazazi wa wasichana walimpenda kwa ufundi wake na kumwogopa kwa sinema yake. Nani atampa binti yake mkono ule ulioonekana ukipanda? Hata watoto wa Njombe walipopita barazani pa duka walimwita Mlevi, si kwa ubaya, ni jina tu, naye aliitika. Alizidiwa na kifua mwaka wa sitini, na mzee Manase, ambaye kwa moyo mweupe kabisa alimpenda kama mwanawe, ndiye aliyesoma maisha yake.

Miezi michache kabla ya Uhuru gari la sinema lilipita tena Makambako. Nilipanda lori nikaenda. Kaka yangu naye hakuacha picha. Kama ningetaka kuuona uso wake tena, palikuwa ni pale tu. Nilikaa mbele, alipokuwa amekaa mama. Picha ilikuwa imechakaa, ina mikwaruzo kama mvua. Watu walicheka palepale walipocheka zamani. Nikamtafuta Kefa kwenye uso ule mkubwa mweupe na mweusi, nikajitahidi, lakini kila nilipomkaribia aligeuka kuwa baba. Aliingia ndani. Akatundika kofia, akaigusa kwa kidole. Akakunja mkono wa shati, mara moja, mara mbili. Akageuka, midomo ikauliza.

"Mmoja hajalala," nikasema.

Mwanamume aliyekuwa ubavuni kwangu alinitazama, kisha akarudisha macho kwenye picha.